Nani alichimba Bonde la Gorges?

"Shikamoo Mwalimu. Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Kasarani. Februari iliyopita nilipanda Mlima Kenya kupitia Chogoria pamoja na wenzangu wa kazini. Siku ya tatu tulisimama juu ya lile genge wanaloliita Temple. Chini yetu kulikuwa na bonde ambalo sijawahi kuona mfano wake, na ziwa dogo jeusi katikati. Hapo ubishi ukaanza. Kiongozi wetu alisema bonde lile lilichimbwa na barafu. Mwenzangu mmoja akacheka, akasema barafu haiwezi kuchimba jiwe, tena hapa ni kwenye ikweta. Lile ni tawi la Bonde la Ufa. Mwingine akasema ni mto Nithi uliolichimba, kama maji yalivyochimba korongo la Hell's Gate. Mimi nilinyamaza kwa sababu sikujua, lakini jambo hilo limenikaa kichwani hadi leo. Kando ya njia nilipiga picha ya mwamba wenye mistari mirefu kama iliyochorwa kwa msumari, na nimeiambatisha. Je, hiyo ni kazi ya barafu? Na kama barafu iliyobaki inaisha kama tunavyosikia, sisi wa Nairobi hatutakosa maji kwenye mifereji? Mwisho, mwanangu ana miaka 13, anapenda sana jiografia, na anataka kwenda kuona bonde hilo kwa macho yake Agosti. Nimpeleke?"

Marahaba, mama. Nimeisoma barua yako mara mbili. Ina maswali manne, lakini naona linalokusumbua zaidi ni hili: kitu ambacho mtoto anakitafuna kwenye glasi ya juisi kitachimbaje mwamba hadi kuacha shimo kama lile? Kiongozi wenu alisema kweli. Bonde la Gorges ni kazi ya barafu. Wenzako wawili walikosa jibu, ila kila mmoja alitaja kitu ambacho kweli kipo kwenye habari za mlima huo, na nitakuonyesha kinapoingia.

Nianze na ufa, kwa sababu hapa Nairobi ndilo kosa ninalokutana nalo mara nyingi. Tumezoea kusimama pale juu ya Mai Mahiu, ardhi imekatika ghafla mbele yetu, Longonot iko kule chini, na tangu siku hiyo kila bonde lenye kina tunaliita ufa. Bonde la Ufa lilitokea kwa sababu gamba la dunia linavutwa pande mbili, mashariki na magharibi, na kipande cha katikati kikakatika na kudidimia. Kuta zake zinafuata nyufa hizo kutoka kaskazini kwenda kusini kwa mamia ya kilomita. Sasa chukua ramani ya Mlima Kenya. Bonde la Gorges linaanzia chini ya vilele na kuelekea mashariki. Bonde la Teleki linaelekea magharibi. Bonde la Mackinder linaelekea kaskazini. Mengine yamejaa katikati yao, na yote yanatoka kileleni kama spoki za baiskeli zinavyotoka kwenye kitovu cha gurudumu. Ufa wa ardhi hautawanyiki hivyo. Mabonde ya namna hiyo yamechimbwa na kitu kilichokuwa kikiteremka kutoka juu, na hapo tunabaki na washukiwa wawili, maji na barafu.

Ufa unaingia mapema zaidi. Mlima Kenya ni volkeno iliyozimika, iliyorusha lava yake kati ya miaka milioni 3.1 na milioni 2.6 iliyopita, na volkeno za ukanda wetu zina uhusiano na huko kuvutwa kwa ardhi. Wanajiolojia wanakadiria kwamba ulipokuwa mzima mlima ulizidi mita 6,000. Leo Batian ina mita 5,199 na Nelion mita 5,188, na vilele hivyo viwili ni kizibo tu, yaani mwamba wa moto ulioganda ndani ya koo la volkeno ukawa mgumu kuliko kila kilichouzunguka. Koo limebaki, shingo yenyewe imeondolewa. Kwa hiyo unapotazama kutoka Temple, unatazama pengo lililoachwa na mlima mwingi sana uliobebwa ukapelekwa chini.

Ulibebwa na nani? Tuyaangalie maji kwanza. Hata bila kupanda mlima, jinsi maji yanavyochimba unaweza kuiona kwenye barabara yoyote ya murram mtaani baada ya mvua kubwa za Aprili. Maji yanakusanyika kwenye mfuo mmoja mwembamba na kukata pale tu yanapopita. Baada ya siku chache mfuo umefika magotini, kingo zake zinaanza kubomoka kuelekea ndani, na ukiutazama kwa mbele una umbo la herufi V: chini pembamba, juu papana. Mto hufanya hivyo hivyo kwa maelfu ya miaka. Kazi yake yote iko kwenye uzi ule mwembamba wa chini. Kuta hubomoka zenyewe kwa mvua na uzito wake. Pale Hell's Gate, maji yaliyokuwa yakitoka kwenye Ziwa Naivasha la kale, lililokuwa kubwa kuliko la leo, yalipita kwenye miamba inayoweza kusimama wima, ndiyo maana kuna sehemu ukinyoosha mikono unagusa kuta zote mbili. Lakini kanuni ni ile ile: mkato mwembamba, wenye kona nyingi, unaokwepa mwamba mgumu na kufuata mlaini.

Kumbuka sasa ulichokiona kutoka Temple. Sakafu ya bonde ni pana, karibu tambarare. Kuta zinapanda kwa mkupuo. Genge mlilosimama juu yake liko karibu mita 300 juu ya ziwa. Na bonde limenyooka, kama aliyelipitia hakuwa na subira na kona. Hilo ni umbo la herufi U, na mto peke yake hautengenezi U ya namna ile kwenye lava ngumu.

Sasa tufike kwenye barafu yenyewe, na hapa nitakaa kidogo. Mwenzako aliyecheka alikuwa anafikiria kipande cha barafu kutoka kwenye friji. Mlimani mambo huanza na theluji inayoanguka mahali ambapo haiyeyuki yote kabla nyingine haijaanguka. Tabaka linalalia tabaka, ya chini inabanwa, hewa inatoka, na baada ya miaka unapata barafu ngumu ya rangi ya samawati. Ikifika unene wa makumi ya mita, uzito wake wenyewe unaanza kuisukuma. Umewahi kukanda unga wa chapati, ukaufanya donge na kuuacha juu ya meza? Ukirudi baada ya nusu saa donge limekaa, limetanuka pembeni bila mtu kuligusa. Barafu nene huenda hivyo, ila kwa mwendo wa sentimita chache kwa siku, au pungufu, na juu ya mteremko inashuka bonde zima kwa pamoja. Huo ndio mto wa barafu.

Uzito wake ndio watu wengi hawaufikirii. Mita moja ya ujazo ya barafu ina karibu kilo 900. Weka barafu ya unene wa mita 100, basi kila mita moja ya mraba ya mwamba chini yake inabeba tani 90. Matatu ya abiria 14 iliyojaa ina tani tatu hivi. Sasa fikiria matatu 30 zimepandana juu ya eneo la meza ndogo ya sebuleni, kisha rundo zima linaburutwa polepole kuteremka mlima.

Hata hivyo barafu tupu ingeteleza tu. Kinachochimba ni mawe iliyoyashika. Nyanyangu alikuwa akisugua sufuria iliyoungua kwa jivu na mchanga. Kiganja chake kilikuwa kinasukuma, mchanga ndio ulikuwa unakwangua. Barafu ni kile kiganja. Sehemu yake ya chini imejaa mawe, changarawe na mchanga ulioganda humo, na yote yanasuguliwa juu ya mwamba kwa uzito ule niliokueleza. Mwamba unasagwa hadi unakuwa unga laini kama wa ngano, na maji yanayotoka chini ya barafu huwa na weupe wa maziwa kwa sababu ya unga huo.

Iko njia ya pili, na kwa mabonde ya volkeno kama yetu, ambamo lava imejaa nyufa, nadhani ndiyo iliyofanya kazi kubwa zaidi. Chupa ya soda iliyosahaulika kwenye friza hupasuka, kwa sababu maji yakiganda yanaongezeka ujazo kwa karibu asilimia tisa. Chini ya barafu maji huingia kwenye nyufa za mwamba, yakaganda, yakaupanua ufa, na kipande kizima kikashikwa na barafu inayopita na kung'olewa kama jino. Jiwe hilo nalo linakuwa chombo cha kukwangulia mwamba wa mbele.

Na U inatoka wapi? Inatoka kwenye ukweli kwamba mto wa maji unagusa mstari wa chini tu wa bonde, wakati barafu inalijaza bonde kutoka ukuta hadi ukuta. Sakafu inasagwa, na kuta zinasagwa kwa wakati huo huo. Vile vidole vya mwamba ambavyo mto hupinda kuvikwepa, barafu huvikata vichwa na kupita. Ndiyo maana bonde likanyooka.

Ushahidi ninaoupenda kuliko wote ni lile ziwa ulilosema ni dogo na jeusi. Linaitwa Michaelson, na liko karibu mita 4,000 juu ya usawa wa bahari. Jiulize: mto unaweza kuchimba beseni kwenye mwamba kisha ukapanda kutoka ndani yake? Ukiacha vidimbwi vilivyo chini ya maporomoko, maji yakikuta shimo hujaza na kutulia. Hayaendelei kuchimba chini zaidi ya mdomo yanapotokea. Barafu inaweza, kwa sababu inasukumwa na uzito wa barafu iliyo nyuma yake. Inachimba mahali mwamba ulipo dhaifu, halafu inapanda ukingo wa mbele na kuendelea na safari. Siku inapoyeyuka, beseni linabaki na kujaa maji. Vile vidimbwi vya Hall Tarns mlivyopita juu ya Temple vimekaa kwenye bapa la mwamba lililosuguliwa kwa njia hiyo hiyo.

Basi mwenzako aliyetaja mto Nithi amekosea wapi, na amepatia wapi? Barafu mara nyingi haianzi bonde jipya. Hupita njia iliyokwisha kufunguliwa na mito, ikaipanua na kuizamisha. Na barafu haikufika hadi chini. Mahali ilipoishia iliacha malundo ya mawe, makubwa na madogo na udongo vyote pamoja, kama yanavyomwagwa na lori. Wataalamu huyaita moreni. Mkondo wa maji hupanga mzigo wake, mawe mazito huku na mchanga kule. Barafu hutupa chochote popote. Kwenye Mlima Kenya mkufu wa chini kabisa wa malundo hayo uko kwenye mita 3,300 hivi, wakati leo huwezi kukuta barafu ya kudumu chini ya mita 4,600. Chini ya malundo hayo, mto ndio ulioachiwa kazi, na bonde linageuka kuwa V. Nithi ndio huo huo unaopita chini ya daraja la barabara ya Meru linalojulikana kwa ajali mbaya. Barabara inateremka kwa ukali pande zote mbili pale kwa sababu maji yamekata kwa kina na kwa wembamba. Mto mmoja, juu U, chini V. Wenzako walikuwa wanabishana juu ya sehemu mbili za bonde lile lile.

Habari ya ikweta usimlaumu sana mwenzako. Mmisionari Mjerumani Ludwig Krapf alipouona mlima huu kutoka Kitui mwaka 1849 na kuripoti theluji, wasomi wa Ulaya walikataa kuamini. Watu wa huku walikuwa wakiutazama mlima kila asubuhi isiyo na mawingu tangu enzi, na weupe wake haukuwa habari kwao. Hesabu yenyewe ni rahisi. Joto hupungua kwa nyuzi sita hivi kwa kila mita 1,000 unazopanda. Nairobi iko kwenye mita 1,700 na wastani wake ni nyuzi 18 au 19. Panda mita 3,300 zaidi, toa nyuzi 20, umefika chini ya sifuri. Miaka 20,000 hivi iliyopita, dunia ilipokuwa kwenye kipindi cha baridi kali, milima yetu ilikuwa baridi kuliko leo kwa nyuzi kadhaa, na barafu ikashuka kwenye mabonde yale yote. Mwaka 1893 mwanajiolojia John Walter Gregory alipanda hadi kwenye barafu ya mlima huu na kuona dalili kwamba zamani ilifika chini sana kuliko alipoikuta.

Ubishi wenu hata Marekani waliufanya. Kwenye bonde la Yosemite, Josiah Whitney, aliyekuwa mkuu wa upimaji wa jiolojia wa California, alishikilia kwamba sakafu ya bonde ilididimia. John Muir, aliyewahi kuchunga kondoo huko, akasema ni barafu. Ushahidi ulimwelekea mchungaji, na uchunguzi wa baadaye ukaongeza kwamba mito ilikuwa imetangulia kukata kabla ya barafu kupita. Ni hadithi ile ile ya Gorges.

Sasa picha yako. Naona mistari sambamba kwenye uso uliolainika, na upande mmoja wa mwamba umevunjika kama ngazi. Hiyo ni sura ambayo barafu huacha: upande inakotokea inalainisha, upande inakokwenda inang'oa. Natamani kukuambia ndiyo moja kwa moja, lakini picha hainionyeshi mistari inaelekea wapi, na lava ina mistari yake ya kuzaliwa, iliyotokea ilipokuwa ikitiririka au ikipoa. Namna ya kutofautisha ni hii. Mikwaruzo ya barafu iko juu ya uso tu. Tazama pale mwamba ulipovunjika, na kama mistari inaingia hadi ndani, hiyo ni ya lava. Mikwaruzo ya barafu pia huelekea bonde linakoelekea, na hupita juu ya nyufa na punje za mwamba bila kuzijali. Usivunje wala kubeba jiwe lolote. Ile ni hifadhi ya taifa na hairuhusiwi.

Ukitaka mtu autazame ushahidi wako ana kwa ana, wanajiolojia wa Chuo Kikuu cha Nairobi wako Chiromo, na mtu mwenye swali la kweli huwa wanamsikiliza. Na kwa kuwa unaishi Kasarani, ofisi za Survey of Kenya pale Ruaraka ziko karibu nawe. Ulizia ramani ya Mlima Kenya yenye mistari ya mwinuko. Kwenye Bonde la Gorges utaona mistari imebanana kwenye kuta, kisha ghafla imeachana kwenye sakafu. Ifuate kushuka na mto hadi uone inabanana pande zote mbili na kuchongoka kama mkuki. Hapo barafu iliishia. Mwanao ataliona hilo mezani kabla hajafunga viatu.

Kuhusu maji ya mfereji, ondoa hofu hiyo. Maji ya Nairobi yanatoka hasa kwenye bwawa la Ndakaini, pamoja na Sasumua na vyanzo vingine vidogo, na hayo yanalishwa na mvua na misitu ya Nyandarua, ambako hakuna barafu kabisa. Hata mito ya Mlima Kenya wenyewe, ile inayokwenda Tana na ile ya Ewaso Ng'iro, inategemea zaidi mvua, msitu na ardhi chepechepe ya juu inayonyonya maji kama sifongo na kuyaachia polepole. Barafu iliyobaki ni ndogo mno kuweza kulisha mito. Tishio kubwa kwa maji ni kukatwa kwa msitu na kuchomwa kwa nyika ya juu, na ningependa hasira zetu zielekee huko.

Sisemi kwamba kuisha kwa barafu ni jambo dogo. Mwishoni mwa karne ya 19 mlima ulihesabiwa mito ya barafu 18. Leo imebaki pungufu ya 10, tena vipande. Ule wa Lewis, uliopimwa kwa muda mrefu kuliko yote, ulipoteza karibu asilimia 90 ya ujazo wake kati ya 1934 na 2010. Mwaka 2022 UNESCO ilionya kwamba barafu ya milima ya Afrika huenda ikatoweka yote kufikia 2050. Nilipofika Lewis mara ya kwanza nikiwa mwanafunzi, niliweka kiganja juu ya barafu na kusikia maji yakichirizika chini yake, kwa kuwa ilikuwa saa saba mchana na jua lilikuwa kali. Niliporudi na wanafunzi wangu, nilisimama pale pale kwenye mawe makavu. Mawe yalikuwa na mikwaruzo mipya, safi kabisa, ambayo mvua ilikuwa haijaigusa. Waliiona mikwaruzo ile kwa uzuri kuliko nilivyowahi kuiona mimi, na nilishindwa kufurahi.

Nimpeleke? Mimi ningempeleka, kwa masharti. Agosti ni wakati mzuri. Likizo ya Aprili na ile ya Novemba zote zinaangukia mvua. Hatari kubwa kwenye njia ya Chogoria ni uhaba wa hewa. Pale mlipolala karibu na Hall Tarns, kwenye mita 4,300 hivi, shinikizo la hewa ni kama asilimia 60 ya lile la Mombasa. Mtoto hana kinga kuliko mtu mzima, na mara nyingi hasemi anaumwa kwa sababu hataki kurudishwa. Ukishapita mita 3,000, mahali pa kulala pasipande zaidi ya mita 500 hivi kwa siku, na muwe na siku moja ya ziada. Kutoka lango la Chogoria mnaweza kulala Ziwa Ellis usiku mbili, mkatembea mchana na kurudi kulala, kabla ya kwenda juu. Tena mwanao anataka kuona bonde, hataki cheti cha kufika kilele cha Lenana. Mkifika Temple, mkatazama na kushuka, mmemaliza mlichokwendea.

Maumivu ya kichwa, kichefuchefu na kukosa hamu ya kula maana yake ni kusimama hapo, msipande zaidi hadi yaishe. Akianza kuyumba kama mlevi, kusema maneno yasiyoeleweka, au kuhema kwa shida hata akiwa amekaa, mshushe saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku, hata kama kundi zima litakasirika, na mfikishe hospitali. Msisubiri asubuhi. Kabla ya safari mpeleke kwa daktari, hasa kama ana pumu, tatizo la moyo au selimundu (sickle cell). Kwa mwenye selimundu mwinuko ule unaweza kuwa wa hatari kweli, na huenda daktari akakataa. Dawa za kuzuia ugonjwa wa milimani zipo, ila aandike yeye, usizinunue kwa kusikia. Nendeni na kiongozi na wapagazi wanaoijua njia hiyo, walioandikishwa langoni na KWS, shirika la wanyamapori la Kenya.

Daktari akisema hapana, au pesa zisipotosha, zipo safari za mchana mmoja zinazofundisha nusu ya somo hili. Mpeleke juu ya Mai Mahiu aone ufa. Mpeleke Karura atazame mto unavyokata mwamba. Hell's Gate pia inafaa, lakini msiingie ndani ya korongo mvua ikinyesha au mawingu mazito yakiwa upande wa juu, hata kama mlipo jua linawaka. Septemba 2019 mafuriko ya ghafla yaliwaua watu saba mle.

Na mkifika Temple, nakuomba mambo mawili. La kwanza, mwanao abebe penseli na karatasi, achore bonde kabla hajapiga picha. Mkono unaochora unalazimisha jicho kuona pale ukuta unapokutana na sakafu. La pili, mkiupita ule mwamba wako wenye mistari, weka simu juu yake ikiwa imewashwa dira, pembeni ya mstari mmoja, upige picha nyingine, kisha mgeuke mtazame bonde linaelekea wapi. Nitumie picha hiyo pamoja na mchoro wa kijana.